Babu na Stendi Iliyohama

Jumatatu, 6 Januari
Nimechota maji, nimefua, nimepukuchua mahindi. Sasa jambo ambalo sijamwambia mtu. Naogopa kuongea na watu nisiowajua. Kuogopa kweli. Dukani nanyoosha kidole kwenye sabuni. Ijumaa saa tisa ndiyo mwisho wa kupeleka fomu ya chuo cha ufundi, Kasulu. Fani ya umeme. Naitaka sana.

Jumatano, 8 Januari
Babu atanisindikiza. Miaka thelathini aliendesha malori: Bujumbura, Lubumbashi, Mombasa. "Kasulu naijua hata nikiwa usingizini, mjukuu wangu." Nimepumua. Ataongea yeye.

Alhamisi, 9 Januari
Babu kang'olewa jino hapa Kibondo. Shavu limeumuka kama andazi. Mdomo haufunguki, haongei. Nimemwomba Mama aende yeye. Ana maharage ya kupalilia.

Ijumaa, 10 Januari
Tumeshuka Kasulu saa sita. Babu akakaza kofia, akatangulia. Njia zake zote zinaanzia stendi, na stendi ilishahamishwa. Hakujua; mimi nimesikia kwa kondakta tukirudi, Babu amesinzia. Kushoto, kulia, moja kwa moja hadi kwenye ukuta. Akaukagua ule ukuta kana kwamba ndiye aliyeagiza ujengwe. Tukarudi. Bucha ileile, mara ya tatu. Muuza nyama: "Mzee, unanunua au unatukagua?" Babu akampungia mkono kama waziri.

Saa tisa kasoro dakika kumi. Babu akaniingiza uani kwa watu, katikati ya nguo zilizoanikwa. Akatokea upande wa pili na kitenge begani. Akakirudisha kambani, akainama kwa heshima. Sikucheka. Nilimkasirikia. Kisha nikajikasirikia mwenyewe. Yeye hawezi kuongea. Mimi naweza.

Mwenye nguo alikuwa mlangoni.

"Shikamoo, mama! Tumepotea! Chuo cha ufundi kiko wapi?"

Sauti ilitoka kubwa mno. Kuku wakatawanyika.

"Marahaba. Mbona unanipigia kelele, mwanangu? Kiko hapo nyuma ya choo changu."

Tulikimbia. Fomu imepokelewa zikiwa zimebaki dakika tano.

Jumapili, 12 Januari
Mdomo wa Babu umefunguka. Baada ya kanisa amewasimulia majirani jinsi alivyonizungusha makusudi ili niujue mji. Akanitazama kwa pembeni. Nikaitikia kwa kichwa.

Jioni nimekwenda dukani. Nimesema, "Naomba sabuni." Muuza duka akanitazama sana, akanipa.

Lile la uoga wangu, hata likijulikana, sawa. La stendi usimwambie mtu, daftari. Tafadhali. Babu asijue kwamba najua.