Mbwa wa Ukweni Aliniuma Nikitoa Shikamoo

Mama Auleria mshauri wetu, shikamoo. Nakuandikia nikiwa nimekaa kwenye kreti la soda nyuma ya ofisi yetu hapa Rusumo, mguu mmoja nimeunyoosha kwa sababu haukunjiki, na naomba unisaidie maana mwenyewe akili zimeniishia. Mimi ni kijana wa miaka ishirini na saba, kazi yangu ni kusaidia mawakala wa forodha kufuatilia makaratasi ya malori, kwetu ni Biharamulo ambako baba yangu alihamia na ng'ombe wake akitokea Shinyanga, na nimempenda binti mmoja wa Mugoma, jina lake Ishimwe, ambaye familia yao ni Wakatoliki wa siku nyingi, watu wa migomba na kahawa, na baba yake mzee Evaristi tangu mwanzo alikuwa na wasiwasi na mimi, akisema sisi watoto wa wafugaji tuna haraka na sauti kubwa.

Sasa siku ya kwenda kujitambulisha, mshenga wangu mzee Bukuru alinifundisha njiani kwamba kwa wale watu kijana anapimwa kwa salamu, kwamba unasimama uani, unaanza kwa mkubwa unashuka hadi mdogo, huruki mtu, huharakishi, na likitokea lolote hupandishi sauti mpaka salamu ziishe. Nikashika. Tukafika, wazee wamekaa mstari, nikainama mbele ya mzee Evaristi natoa shikamoo, na hapo hapo mbwa wao, wanamwita Polisi, akatoka nyuma ya jiko bila hata kubweka, akaniuma shavu la mguu, akaachia, akaenda zake. Mama Auleria, nilimaliza shikamoo. Mzee akaitikia marahaba, nikahamia kwa wa pili, nikaenda hivyo hivyo mpaka kwa bibi mmoja mwisho kabisa ambaye hasikii vizuri, ikabidi nirudie, damu inajaa kwenye soksi, suruali ilikuwa nyeusi kwa hiyo hakuna aliyeona isipokuwa mzee Bukuru, naye akanikazia macho tu. Nikakaa, nikanywa juisi ya ndizi, mguu nimeuficha chini ya kiti, na wakati wa kuagana mzee Evaristi akasema mbele ya watu wote, "Huyu kijana ametulia. Sikutegemea." Kwa maneno hayo, mshauri, ningekubali kung'atwa na mguu wa pili.

Tulilala kwa ndugu yake mzee Bukuru hapo hapo Mugoma, asubuhi nikaenda zahanati, na nesi niliyemkuta ni Secilia, shangazi yake Ishimwe, tumbo moja na mzee Evaristi. Akauliza nimekatwa na nini. Nikaona nikisema ni mbwa wa kaka yako, habari itafika ule uani kabla sijavaa kiatu, wataona aibu kwamba mgeni ameumwa kwao, au watasema nimekwenda kuwachongea, basi nikasema ni bati. Akatazama, akauliza, "Bati gani lina meno?" Nikasema bati la zamani, lina misumari. Akanisafisha, akanishona, akanichoma sindano ya pepopunda, kisha akageukia kompyuta, akanieleza kwamba humo kila kidonda kina namba yake na kilichokisababisha nacho kina namba yake, akatafuta ya kukatwa na kitu chenye makali, akaiingiza, mimi nikashukuru nikaondoka.

Sasa mguu umevimba, nyuzi zimezama kwenye nyama, unafukuta na unatoa usaha, na hilo ningelivumilia, lakini jana Ishimwe amenipigia simu akilalamika kwamba Polisi amebadilika, hataki kula, anatokwa na udenda, alijificha nyuma ya ghala, akatoka akamuuma mbuzi ambaye ndiye waliyemtenga kutuchinjia siku ya mahari, kisha akaingia migombani, hurudi mara moja moja, na wadogo zake wawili ndio wanaompelekea chakula na kumlisha kwa mikono. Nikamwambia kuna lori linanisubiri, nikakata simu. Mzee Bukuru anasema nipake ugoro nikaze moyo, mahari ikipokelewa ndipo niseme. Nikisema sasa nitakuwa mwongo kwa shangazi na mchonganishi kwa baba mkwe, na lile neno kwamba nimetulia litafutwa. Nikinyamaza naogopa, silali. Nifanyeje nisimpoteze Ishimwe?

Mkwe mtarajiwa, Rusumo

MAMA AULERIA ANAJIBU

Jibu hili nilimtumia kijana huyu kwenye simu siku ile ile nilipoisoma barua yake, kwa sababu halikuwa jambo la kusubiri zamu gazetini. Nalichapa sasa kwa ruhusa yake na ya wakwe zake. Majina yote nimeyabadilisha, hata la mbwa.

Marahaba, mwanangu. Inuka kwenye hilo kreti. Najua sijamaliza kukujibu, lakini wewe inuka uite bodaboda, mengine utayasoma njiani.

Nakuonea huruma na nimekukasirikia, vyote kwa pamoja. Nilicheka pale uliporudia shikamoo kwa bibi asiyesikia, kisha nikafika kwenye mbwa anayetokwa na udenda, kicheko kikaniisha. Hiyo yaweza kuwa dalili ya kichaa cha mbwa. Sisemi kwa hakika anacho, niko mbali na mimi si daktari, ila daktari niliyemuuliza asubuhi hii amesema usisubiri kujua. Ugonjwa huu ukishaanza kujionyesha kwa mtu, haponi. Lakini kabla haujajionyesha chanjo inauzuia, hata kama siku kadhaa zimepita tangu uumwe. Wewe bado una nafasi hiyo, na ni nafasi nzuri kabisa. Usiichezee kwa ajili ya malori.

Ugoro mrudishie mzee Bukuru apige chafya mwenyewe. Osha mguu kwa maji yanayotiririka na sabuni, robo saa nzima, hata kama umechelewa. Kisha mpigie Secilia. Ndiyo, huyo huyo. Yeye ndiye atajua chanjo inapatikana wapi leo, maana si kila zahanati inayo, na huwezi kuzunguka wilaya nzima na mguu kama huo. Usianze na habari za hali ya hewa. Mwambie, "Shangazi, lile halikuwa bati. Nilikudanganya. Ni mbwa wa nyumbani kwenu."

Atakasirika, na ana haki. Ulimfanya atibu bati. Kidonda cha jino la mbwa mara nyingi huachwa wazi kwanza, kwa sababu jino hupeleka uchafu ndani kabisa, na ukishona juu unaufungia humo humo. Huo usaha wako umetokana na hapo. Pengine nyuzi zitatolewa, utapewa dawa ya kukausha usaha, utaanza chanjo, na huenda ukachomwa sindano nyingine kuzunguka kidonda. Itauma. Wewe si ndiye uliyetulia? Na chanjo haiishi siku moja. Kila tarehe utakayopewa uifuate, mpaka wakuambie wenyewe kwamba umemaliza.

Halafu ile namba kwenye kompyuta, mwombe Secilia airekebishe, chanzo kisomeke kuumwa na mbwa. Usidhani hayo ni mambo ya makarani. Huko wilayani wanajumlisha namba kama hizo ndipo wajue chanjo ipelekwe wapi na kijiji gani mbwa wake wakachanjwe. Kwa namba uliyowapa wewe, Mugoma ina mabati makali na haina mbwa hata mmoja.

Sasa nije kwenye hasira yangu yenyewe. Unaogopa kuitwa mchonganishi, na huku unajua kuna watoto wawili wanaomlisha yule mbwa kwa mikono yao. Hapo hukutulia, baba, hapo ulijificha. Mpigie Ishimwe kabla pikipiki haijawashwa. Watoto wasimkaribie tena yule mbwa, na wapelekwe zahanati leo waulizwe kama amewang'ata, amewakwaruza au amewalamba penye kidonda. Asifuatwe na vijana wenye marungu. Aitwe afisa mifugo wa kata. Na yule mbuzi asichinjwe, hata akionekana mzima na amenona. Mahari ikipokelewa kwa maharage bado ni mahari.

Kwa mzee Evaristi usiende mwenyewe, mtume mzee Bukuru. Ndiyo kazi ya mshenga. Alizibeba salamu zako, alibebe na hili, na asiongeze maneno yake ya ugoro. Aseme, "Kijana aliumwa uani kwako, akanyamaza kwa heshima yako. Leo anasema kwa ajili ya watoto wako." Baba mwenye akili hawezi kumchukia mtu kwa maneno hayo. Akikuchukia, nitakwenda Mugoma mimi mwenyewe nikazungumze naye, na mimi salamu zangu huwa fupi.

Nenda sasa. Ukifika nitumie ujumbe.

Ujumbe ulikuja jioni, wa neno moja: "Nimechomwa." Mengine yamekuja baadaye. Secilia alimgombeza kwenye simu mpaka salio likaisha, akapiga tena yeye mwenyewe kumwelekeza hospitali yenye chanjo, akabadilisha ile namba. Watoto wale wawili walichanjwa nao, wazima, wanacheza. Polisi alikutwa amekufa migombani, afisa mifugo akamchukua, na wiki iliyofuata mbwa wa kijiji kizima wakapangwa foleni wachanjwe. Mbuzi hakuliwa. Mguu wa kijana unakunjika.

Mzee Evaristi alimsikiliza mshenga mpaka mwisho, kisha akamwambia arudie tangu mwanzo, jambo lililomtoa jasho mzee Bukuru. Siku ya sindano iliyofuata alipanda gari mwenyewe mpaka hospitali, akamkuta kijana wetu kwenye benchi. Kijana akajikongoja ainuke kutoa shikamoo. Mzee akamshika bega, akamrudisha chini, akakaa pembeni yake.

"Kaa," akamwambia. "Umenisalimia vya kutosha. Siku nyingine ukiumwa nyumbani kwako, piga kelele."