Kondo, Nimeucheza Mwendo Wako

Mtani wangu Kondo,

Tangu tukuzike hapa Tabora, mbali na kwenu Uzaramo, nimekuwa mwigizaji wa filamu. Cheka kwanza, nakusubiri.

Unakumbuka chuo cha ualimu, nilipocheza malkia nikapaza sauti mpaka ng'ombe wa Itetemia wakainua vichwa? Wewe uliyekuwa ukiongoza mchezo ulishika tumbo kwa kicheko ukasema, "Mpagazi, punguza! Msafara umeshapita." Sikupunguza. Sauti ndiyo iliyokuwa mali yangu.

Basi, siku ya msiba wako nilitimiza wajibu wa Mnyamwezi kwa Mzaramo wake. Nilivaa koti lako, nikaweka mikono nyuma, nikapita mbele ya waombolezaji nikiburuta mguu wa kushoto na kusimama ghafla, kama ulivyokuwa ukifanya ukimwona mwanafunzi anatoroka. Watu walicheka huku wanalia. Hata mimi. Yule Mhindi mwenye studio ya picha alikuwepo. Amenunua kamera ya filamu kwa fedha zake, hana kampuni wala serikali nyuma yake, akanitaka nicheze mwalimu anayerudi kwao Kwihara. "Lakini kamera hii haisikii," akaniambia. Sauti yote ile, Kondo, haina kazi! Nikabaki na mwendo, na mwendo niliouweza ulikuwa wako.

Niliogopa. Msibani utani una ruhusa yake. Kwenye filamu nani kaniruhusu? Nilimwogopa mkeo, shemeji Mwanahawa, kuliko watu wote. Juzi tuliionyesha ndani ya ghala la karanga, milango imefungwa, shuka ukutani. Eda ameshamaliza, akaja, akakaa mbele kabisa, kajitanda kanga. Nikapita kwenye shuka. Ukapita wewe. Hakutikisika, nikajua nimemkosea.

Watu walipoanza kuinuka yeye alibaki amekaa. Akamwambia Mhindi, "Mrudishe. Apite tena."

Ukarudishwa. Ukarudishwa tena, ghala tupu, tumebaki watatu tu, na hapo shemeji akaanza kukusemesha: "Inua mguu, mume wangu, unamaliza viatu!" Akacheka, Kondo. Sijafurahi hivyo tangu ulipoondoka.

Pumzika, mtani. Mungu akinijalia nitacheza watu wengine wengi, lakini huo mwendo sitampa yeyote kati yao. Na siku yoyote shemeji akitaka upite, nitakwenda kuizungusha ile mashine ya kuonyeshea filamu mwenyewe.

Mtani wako,
Mihambo