Msemaji wa Filamu za Misheni

Louisville, Oktoba 2015

Shemeki Rugamba, mzee wa Buffalo unayezeeka ndani ya theluji,

Mimi niko mzima, ni magoti tu yamegoma. Juzi nilipanda basi hadi Columbus kumwona mke wangu, dada yako Nyirangabo. Binti yetu Isaro anamtunza kwake tangu alipoanza kusahau.

Unamkumbuka Vasselin, yule Mfaransa aliyetengeneza filamu za kila aina baada ya vita vyao vikubwa? Leo wezi, kesho harusi, kesho kutwa padri analia. Pale misheni nilikuwa nasimama kando ya pazia natafsiri, na Kifaransa chenyewe sikijui! Bon, yule mwizi mnene nilimpa jina lako, ukumbi mzima ukacheka. Dada yako alicheka kuliko wote, ndiyo nikamwoa.

Basi Isaro ameipata filamu ile ya wezi, akatuwekea kwenye televisheni. Nyirangabo alitazama kidogo, akauliza, "Yule kijana wa kusema maneno yuko wapi? Ndiye atakayenioa."

Nikasimama kando ya televisheni na magoti yangu haya, nikaanza, "Mwizi Rugamba ameiba tena mbuzi wa padri!"

Akanitazama kwa adabu. "Mzee, kaa chini tafadhali. Tunamngoja mwenyewe."

Nikakaa. Donc, tukamngoja wote watatu mpaka filamu ikaisha.

Njoo, shemeki. Pua yako ile haisahauliki, labda wewe atakutambua.

Ni mimi shemeki wako, ambaye kumbe bado hajaoa,
Ruberwa