Redio ya Baba Mkwe na Bili Iliyopanda

Mpendwa mshauri,

Kabla sijaomba msaada wako naomba univumilie nimsifu mume wangu kidogo, maana nisipomsifu hutaelewa nilifikaje hapa nilipo. Ni mwezi wa nne sasa tangu tuoane, na hadi leo nikisikia komeo la geti likigongwa moyo unaniruka kama wa msichana wa kidato cha pili. Yeye ni fundi wa kuchomelea mageti na madirisha, anarudi nyumbani uso umejaa masizi hata unamtambua kwa meno tu, na mimi mwenzio naona mwezi mpevu wa kumi na nne umeingia mlangoni. Watu waliniambia asali ya ndoa ni ya siku chache, nami huwajibu kwamba mzinga wangu bado umejaa.

Nyumba tunayokaa aliipanga tangu akiwa kapera, ina vyumba viwili, sebule, jiko, na bafu lenye hita ya maji ukutani. Yeye hiyo hita alikuwa haigusi, alikuwa anaoga maji ya baridi kama bata na kutoka. Mimi siku ya kwanza kuiona nilisema moyoni, hapa ndipo nitakapomwonyesha mapenzi. Kwa kuwa saa ya kurudi kwake haijulikani, leo alasiri, kesho giza limeshaingia, nikawa naiwasha asubuhi kabla sijaenda zahanati ninakofanya kazi ya kupokea wagonjwa, na siizimi mpaka tunapolala, ili saa yoyote atakayoingia akute maji ya moto yanamsubiri kama mimi ninavyomsubiri. Na shati lake nalipiga pasi kila asubuhi, moja la siku hiyo tu, namvisha mwenyewe likiwa bado na joto, naye huniambia, mke wangu, umenivisha jua. Mshauri, kwa neno kama hilo mtu anaweza kulala na njaa na asijue.

Sasa nifike kwenye kilio changu. Mwezi wa pili wa ndoa yetu baba mkwe alikuja kukaa nasi. Ni mzee mpole, alikuwa fundi saa, na macho yake aliyamalizia kwenye saa za watu, sasa anaona mwanga na vivuli basi. Alikuja na begi moja na redio ndogo ya kuchomeka ukutani, kioo chake kimepasuka, na hiyo ndiyo gazeti lake, ndiyo saa yake, ndiyo rafiki yake. Tukiwa kazini yeye ndiye akawa mlinzi wetu wa geti, anamtambua mtu kwa anavyobisha hodi. Na kipindi chako cha jioni hakikosi, ndiko nilikokujulia. Siku za mwanzo tulikuwa tunakisikiliza pamoja, mimi nikikunja nguo, yeye akiwajibu wanaokuandikia kabla wewe hujawajibu, na mara nyingi mlikuwa mnasema neno moja. Nilikuwa nacheka mpaka nguo zinaniporomoka.

Bili ya kwanza ya ndoa yetu ilikuwa ndogo hata nikaibusu. Ya pili ilikuja baba akiwa amekaa nasi wiki tatu, na ilikuwa zaidi ya mara nne ya ile ya kwanza. Mume wangu aliisoma akiwa amesimama, akaikunja, akaitia mfukoni, na jioni ile chakula alikigusagusa tu. Mimi nikapiga hesabu yangu ya haraka: tulipokuwa wawili bili ilikuwa ndogo, sasa tuko watatu na redio inaimba kutwa, bili imepanda, basi anayetumaliza ni redio. Hita haikunijia akilini kabisa. Hita iko kimya bafuni, wala humshuku anayekusaidia kupenda.

Mume wangu sikumwambia. Nilianza na vijembe. Nikipita mlangoni kwa baba nasemesha ukuta, kwamba kuna umeme humu ndani unaliwa na wasioulipia. Baba akapunguza sauti ya redio. Nikaona haitoshi, nikaingia chumbani kwake, nikachomoa waya mbele yake, nikasema, "Baba, redio ipumzike. Bili imetushinda."

Aligeuza uso akanitafuta nilikosimama. Akasema, "Sawa, mama. Kumbe nawatia hasara na sijui." Akalisema kwa upole ule ule anaonishukuru nao nikimpa maji ya kunywa.

Tangu siku hiyo hakuiwasha tena. Ila nikirudi kazini nikawa nakikuta kigoda chake nyuma ya nyumba, kimegusa kabisa ukuta wa jirani, nikadhani anaota jua. Mpaka jirani mwenyewe, ambaye ni kinyozi na redio ya kibandani mwake haizimwi, aliponitania njiani akasema, "Shemeji, mzee wenu siku hizi ndiye mteja wangu mkubwa. Kutwa yuko ukutani kwangu, na nywele hanyoi." Nikacheka naye, mshauri. Nilicheka, kisha nikaingia ndani nikakaa kitandani na mkoba wangu begani, sijui kwa muda gani.

Hata hapo sikwenda kumwambia baba aiwashe redio yake. Nilijiambia ngoja kwanza bili inayofuata, ikishuka nitajua nilikuwa na haki. Kabla haijaja, baba akamwambia mwanawe kwamba amewakumbuka wajukuu, apelekwe kwa wifi yangu. Mume wangu alimsihi, yeye akawa anacheka tu na kusema wazee hawafugwi. Siku ya kuondoka alinishika kichwa akaniombea nijaliwe watoto wenye macho mazuri. Nilipoingia kutandua kitanda chake nikaikuta redio juu ya mto, imefutwa vumbi, waya umeviringishwa pete pete kama fundi saa anavyojua. Hakuisahau. Ameiacha.

Msoma mita wa umeme alipokuja mwezi huo ilikuwa siku yangu ya mapumziko, nikamfungulia mimi. Jambo la kwanza aliuliza, yule mzee aliyenifungulia mwezi uliopita hajambo? Nikamwambia hajambo. Na bili ikaja. Redio ilikuwa kimya mwezi mzima, baba hayupo, na bili imeshuka kidogo tu, bado ni zaidi ya mara tatu ya ile niliyoibusu.

Mume wangu siku hizi akishaoga maji yangu ya moto hatoki akiimba kama zamani, anakwenda kukaa chumbani kwa baba, mlango wazi. Juzi aliniuliza, "Hivi baba tulimkosea nini?" Alisema tulimkosea, akajitia na yeye, mshauri, yeye ambaye hajui lolote. Nami nikamjibu kwamba wazee ndivyo walivyo, hukumbuka wajukuu. Huo ni uongo wangu wa kwanza kwake, na nimeusema nikiwa nimelishika shati lake.

Nimekuambatishia bili zote tatu unieleze umeme wetu unakwenda wapi. Unieleze pia nitamwambiaje mume wangu bila kuivunja asali yetu. Na nina ombi moja kubwa, naomba barua hii uisome redioni kwenye kipindi chako cha jioni, useme tu kwamba huyo mkwe anajuta sana. Kwa wifi kuna redio, baba atasikia na atajijua. Mimi kumwambia ana kwa ana siwezi.

Ni mimi,
Bibi Harusi Mwenye Majuto

*

Bibi harusi,

Mumeo nimemsikia, na mzinga wako nimeuona. Tuanze na bili, kwa sababu hiyo ndiyo kazi rahisi.

Ichukue ile uliyoibusu, uitazame tena. Pembeni ya namba za mita pameandikwa neno "makadirio". Maana yake siku hiyo msoma mita alikuta geti limefungwa, wewe uko zahanati, mwenzio yuko kwenye mageti ya watu, basi ofisini wakakisia kwa kufuata miezi ya nyuma. Na miezi ya nyuma nyumba hiyo ilikuwa ya kapera anayeoga kama bata. Mlikuwa mmeshaanza kutumia umeme wa maharusi kwa nusu ya mwezi huo, mkaandikiwa wa kapera. Mwezi wa pili mita ikasomwa kweli, na yale yaliyopungua kwenye makadirio yakaja juu ya yale mapya. Ndiyo maana ikapanda vile, na ndiyo maana ya tatu imeshuka kidogo: kilichopungua si redio, ni deni la mwezi wa kwanza lililokwisha.

Na mita ilisomekaje mwezi huo wa pili? Umeandika mwenyewe na hukuona ulichoandika. Mzee alifungua geti. Katika bili yote hiyo kosa la baba mkwe wako ni hilo moja, kumfungulia mtu aliyebisha hodi.

Sasa hesabu, na hii ikate uiweke jikoni. Kila chombo kina kibandiko kinachoonyesha wati zake. Zidisha wati kwa saa unazokitumia, gawa kwa elfu moja, jibu ndilo uniti unazolipia. Redio kama hiyo ni wati kumi hivi. Ikiimba saa kumi kwa siku, imekula sehemu moja ya kumi ya uniti, na mwezi mzima ni uniti tatu. Hita kama yako kwa kawaida ni wati elfu moja na mia tano. Haichemshi mfululizo, maji yakipata moto inajikata, yakipoa inajiwasha, na hivyo ndivyo inavyoshinda ikikimbizana na ubaridi wa maji ambayo hakuna anayeyaoga. Tuseme kwa kutwa yote inachemsha saa tatu tu. Hizo ni uniti nne na nusu. Siku moja ya hita yako inazidi mwezi mzima wa redio ya mzee.

Chenye kelele kinapiga kelele tu, mwanangu. Kinachokula ni chenye joto. Usiniamini mimi, iamini mita: andika namba zake asubuhi, ziandike tena kesho yake saa ile ile, utoe. Siku inayofuata iwashe hita nusu saa tu kabla ya kuoga, upime tena. Matumizi ya siku hiyo moja zidisha kwa thelathini, na hapo utakuwa na makadirio yako mwenyewe kabla bili haijabisha. Msoma mita akiwakosa, zipelekeni namba ofisini wenyewe. Mashati yapige pasi yote siku moja ya wiki, maana pasi inakula kila inapoanza kupata moto. Na mumeo akitoka kazini akupigie simu ndipo uiwashe hita. Utakuwa umepata sauti yake kila jioni, na hiyo haipiti kwenye mita.

Umeme tumeumaliza. Tubaki na wewe.

Kutojua wati si dhambi, wengi hatuzijui. Ulichokosea ni kuchomoa kwanza na kupiga hesabu baadaye, na ulipoujua ukweli kwa yule kinyozi ukaamua kusubiri bili ikupe haki, huku mzee anaombaomba taarifa ya habari ukutani kwa watu. Hilo ndilo linalokuchoma, wala silipozi. Liache likuchome kidogo, lina faida.

Mumeo mwambie leo, kabla hajaingia kuoga. Usimzungushe kwa sifa kama ulivyonizungusha mimi. Sema, niliichomoa redio ya baba, na nilikudanganya. Atanyamaza, pengine siku mbili. Mvumilie, usimfuate na maji ya moto. Alipokuuliza "tulimkosea nini" alikuwa amekufungulia mlango nusu, ukaufunga. Mtu mwenye neno kama lile la jua atakufungulia tena, lakini safari hii bisha wewe.

Kuhusu ombi lako la redioni, nimekataa. Barua yako siisomi hewani, naijibu humu gazetini, kwenye safu yangu ya barua, ambamo herufi ni ndogo na macho ya mzee hayafiki. Ulitaka mimi nimwombe radhi kwa niaba yako huku wewe umejificha zahanati. Mtu aliyenyang'anywa redio haombwi radhi na redio. Ila ujue wifi yako ana macho mazima, na gazeti hili linauzwa kila kona. Ukichelewa atamsomea yeye, na hapo utakuwa umefika umeshasemwa.

Basi ichukue ile redio. Ule waya usiufungue, mwache mzee aupapase ajue ni wenyewe. Nenda na mumeo, fika kabla ya saa ya kipindi changu, keti chini karibu naye ili asipate taabu ya kukutafuta kwa uso, umwambie kwa sauti yako kwamba bili ilikuwa yako. Mwombe arudi nyumbani, na akisema atafikiri, mwache afikiri.

Kisha ichomeke ukutani kwa mkono ule ule uliouchomoa waya. Mtafutie stesheni, ukae naye msikilize, na mtu yeyote akiniandikia jioni hiyo mwache mzee amjibu kwanza.

Sauti usipunguze.

Wenu,
Shangazi wa Jioni