Shamba la Titus Limejaa Kishonanguo

Mata, 1 Septemba 2025

Kwa mdogo wangu Titus,

Hujambo huko Voi? Mimi sijambo, watoto hawajambo, na kama wewe pia hujambo basi sielewi mbona hushiki simu. Kwa WhatsApp unasoma, naona zile alama za bluu, halafu kimya. Ndiyo maana nimerudi kwa kalamu. Barua hii unaletewa na Carolyne, yule jirani anayeuza nyanya soko la Voi kila Jumanne. Nimemwambia asimame langoni mwa shule yenu mpaka uifungue akikuona.

Habari ni moja tu, shamba lako. Tangu tumzike baba Mei mwaka jana hujalikanyaga. Limemea kishonanguo mpaka kiunoni. Mbuzi wakipita wanatoka na mbegu zake manyoyani, watoto wakifuata mpira wanatoka nazo kwenye kaptula, na zote zinakuja kudondoka kwa vitunguu vyangu. Nang'oa asubuhi, wiki ikiisha nakuta zimeota tena. Mgongo umekwisha, Titus.

Na usiniambie niingie nilime mwenyewe. Ulikuwepo baba akitugawia. Alisema mbele ya watu kwamba kila mtu aanze kwake kwa mkono wake mwenyewe, na asionekane mtu na jembe kwa mwenzake kabla mwenye shamba hajaanza. Baba mdogo Munyoki alisikia hayo vizuri kuliko sisi wote. Sasa anatembea akisema shamba ambalo mvua ya Novemba italikuta halijaguswa atalilima yeye, lisilale bure. Na akishalima, nani atamtoa?

Njoo siku moja tu. Piga jembe watu wakuone. Hayo mengine tutasaidiana.

Ni mimi dada yako,
Tryphena


Voi, 9 Septemba 2025

Kwa dada yangu mpendwa,

Salamu nyingi kutoka kwenye joto hili letu. Natumai wewe na watoto mnaendelea vyema. Mimi niko salama, ila kazi ni nyingi. Carolyne alisimama kweli, mpaka mlinzi akadhani nina kesi.

Pole kwa mgongo. Ule mmea nimeuchunguza kwa makini, maana hata hapa nyuma ya maabara tunao. Jina lake la kisayansi ni Bidens pilosa, na ni wa jamii moja na alizeti. Bidens ni Kilatini. Bi inatokana na bis, yaani mara mbili, na dens ni jino. Meno mawili! Chukua mbegu moja uitazame pale juu, utayaona. Yana vimiba vidogo sana vilivyoelekea nyuma, ndiyo maana yakiingia kwenye nguo hayatoki. Hata yule daktari wa meno tunayemwita dentisti, jina lake limetoka kwenye dens hiyohiyo. Je, si ajabu?

Kwa hivyo si ubaya wa shamba langu, ni namna mmea unavyosafiri. Dawa yake ni kuung'oa kabla haujatoa maua. Nitajaribu kuja nikipata nafasi, lakini watahiniwa wa kidato cha nne wako karibu sana na mitihani.

Wasalimie wote.

Nduguyo,
Titus


Mata, 15 Septemba 2025

Titus,

Hujambo tena. Mimi nilikuwa sijambo mpaka niliposoma barua yako.

Nimekuomba jembe, umeniletea Kilatini. Woi! Nilimsomea Jedidah hapa jirani, akacheka mpaka akakaa chini. Mimi sikucheka. Lakini kwa vile nakujua hukubali kushindwa, nilienda nikachuma hizo mbegu nikazitazama juani. Ya kwanza ina meno mawili, sawa. Ya pili, mawili. Ya tatu ina matatu, na ile iliyofuata matatu vilevile. Sasa huyo Mlatini wako alihesabu akiwa wapi? Na pilosa ni nini, au ndilo jina la babake? Sisi aliyetupa jina kishonanguo hakuhangaika kuhesabu meno ya mtu. Aliangalia suruali yake akajua kimempata nini.

Halafu unasema niing'oe kabla haijatoa maua. Maua yalitoka Juni! Unasema ni jamii moja na alizeti. Alizeti inatupa mafuta, hii inatupa nini? Kumbe hata mimea ina yule ndugu mmoja asiyeleta kitu nyumbani.

Usinitajie watahiniwa. Agosti yote shule zilifungwa na hukuja. Kutoka Voi mpaka huku kwetu Taveta ni lami tupu. Watu husema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Wewe hata hiyo siku ya kwanza hujafika, na si mgeni.

Baba mdogo Munyoki jana alizunguka shamba lako lote, mikono mgongoni, kama mtu anayechagua ng'ombe. Sikumsalimia. Mungu anisamehe.

Dada yako,
Tryphena


Voi, 23 Septemba 2025

Kwa dada,

Natumai hasira zimepoa kidogo na mgongo pia. Mimi ni mzima.

Kwa hayo meno matatu umenikamata. Ni kweli, nyingine huwa na matatu. Aliyeupa mmea jina alichagua yale mawili akaendelea na safari yake. Pilosa inatoka kwa pilus, unywele. Maana yake ni yenye nywele, kwa sababu ya vile vinyweleo vya shina na majani, ingawa nakubali ni vichache na lazima uvitafute. Jina la kishonanguo naona lina haki kuliko la kwetu. Mlatini aliangalia mbegu, nyinyi mliangalia nguo.

Kuhusu baba mdogo nimepata njia. Ndani ya bahasha kuna karatasi ya ruhusa niliyoiandika mwenyewe. Inasema mimi Titus Nzomo nimekuruhusu wewe kuingia shambani kwangu na jembe. Mwalimu mkuu amenipigia mhuri. Mwonyeshe, kisha utafute vijana wakusaidie kulima. Mimi sina neno.

Nduguyo,
Titus


Mata, 29 Septemba 2025

Kwa Mwalimu Titus Nzomo mwenye mhuri,

Hujambo mwalimu. Mimi nipo, nashukuru Mungu, siwezi kusema zaidi ya hapo.

Karatasi yako nilimpelekea baba mdogo. Aliishika mbali na macho, akaisoma, akaugeuza ule mhuri juu chini. Akaniuliza, "Huyu mwalimu mkuu ndiye atakayekuja kupalilia?" Watu wakacheka. Akanirudishia, akasema shamba halisomi. Jioni hiyohiyo akapigilia vijiti vya mkonge mpakani, kutoka mfereji mpaka kwa migomba, na sasa mtu akipita anajua kuna mkubwa anayelingoja. Fimbo ya mbali haiui nyoka, Titus. Hiyo ulifundishwa darasa la nne na hukuhitaji Kilatini.

Pamoja na barua hii Carolyne anakupa mfuko. Ndani kuna koti la baba, lile la kijani alilokuwa akivaa akienda kufungua maji. Nilikuwa nimelifua, nimelikunja nikupe siku ukija. Kwa vile huji, nimelivaa nikapita nalo katikati ya shamba lako, nikarudi, nikapita tena, halafu nikalikunja hivyohivyo. Kila mbegu iliyomo ni mali yako. Zitoe moja moja, kwa hayo maarifa yako.

Na ukizitoa, ufikirie jambo moja. Mmea ule hauna shule na unashika kila mtu anayepita karibu. Wewe una digrii na hushiki hata simu.

Tryphena


Mata, 20 Oktoba 2025

Titus,

Leo sikusalimu.

Carolyne amerudi mara tatu bila jibu. Mlinzi anamwambia uko darasani. Sawa. Mawingu yamesharundikana juu ya milima ya Pare, na baba mdogo ameshaweka oda ya trekta, wiki ya kwanza ya Novemba. Amemwambia dereva aanzie kwako.

Nilikuwa nimejiahidi nisilie kwa sababu ya shamba. Nimelia. Si la kwangu, lakini ukilipoteza wewe nitabaki hapa peke yangu na kina Munyoki pande zote, na wewe utakuwa mtu wa kuja kwa mazishi tu. Hilo ndilo linaloniuma, si vitunguu. Sitakuomba tena.

Dada yako


Voi, 21 Oktoba 2025

Dada Tryphena,

Naandika hapahapa langoni, Carolyne ananisubiri. Afya yangu ni nzuri, mambo mengine si mazuri.

Lile koti nimekaa nalo wiki hizi zote. Kila jioni natoa mbegu chache kwenye mkono, au kwenye kola, nazitia kwenye kopo. Ningeweza kuzimaliza kwa siku moja, lakini sikutaka ziishe.

Nitakuambia ukweli, na ukitaka kunitukana unitukane. Siku ya mazishi, watu wakiendelea kula, nilienda kusimama pale shambani. Nikaona mahindi aliyoyapanda baba kabla hajalazwa. Yalikuwa yamefika magotini, na mistari imenyooka kama kawaida yake, unakumbuka alivyokuwa akivuta kamba. Nikaapa moyoni kwamba hayo sitayang'oa. Nikilima lazima niyafyeke, na nikiyafyeka hakuna tena kitu hapa duniani kilichosimama kwa mkono wa baba. Kila nikifika stendi kupanda gari la Taveta naona yale mahindi, nageuka narudi nyumbani. Watoto darasani nawaonyesha kupasua ua kwa wembe kila muhula. Hili siwezi. Kilatini nilikuandikia kwa sababu hicho nakiweza.

Mwache baba mdogo alilime. Afadhali ayang'oe yeye kuliko mimi.

Ndugu yako,
Titus


Mata, 27 Oktoba 2025

Titus mdogo wangu,

Hujambo? Keti kwanza.

Hivi wewe ni mwalimu wa bayolojia kweli, au walikosea jina? Mahindi ya Mei mwaka jana yasimame mpaka leo yakikungoja wewe? Mahindi! Mtu akikusikia atasema sisi hatukulelewa shambani. Ai, Titus, umenichosha mpaka nikasahau kukasirika.

Sasa sikiliza. Yale mahindi yalikomaa. Agosti ya mwaka jana niliingia nikavuna kwa mkono, jembe sikubeba. Mabua waliyala mbuzi. Gunia moja nilikuletea kwa gari, uliliendea stendi mwenyewe. Ukayakoboa ukapika muthokoi na maharagwe, ukaniandikia kwenye simu kwamba ni tamu kuliko zote ulizowahi kula, ukaniuliza nimenunua wapi. Nilidhani unatania. Kwa hivyo baba hukumng'oa na hutamng'oa. Ulishamla, na ukasema ni mtamu. Huko shambani unakolinda hakuna kitu isipokuwa kishonanguo, na hicho hakupanda baba, umepanda wewe kwa kutokuja.

Mahindi mawili sikuyapukuchua. Nimeyatundika jikoni juu ya moshi tangu siku ile, meusi kwa masizi lakini punje ni nzima, nimezijaribu kwa jino. Ni mbegu zako. Ungeona nilivyowafokea watoto wasiziguse! Ndiyo maana nakuita mwaka huu wote, mjinga wewe. Nilidhani unajua. Zinataka udongo, na kwa neno la baba udongo wenyewe ni wako, siwezi kuzipanda kwako kabla hujaanza, na kwangu sitaki kuzipanda.

Trekta linakuja Jumatatu, tarehe tatu. Sitaongeza neno.

Dada yako,
Tryphena


Mata, 3 Novemba 2025

Mdogo wangu,

Hujambo, na mikono haijambo? Natumai malengelenge yamepasuka. Usiyachune, yapake mafuta tu. Sisi hatujambo, mvua imenyesha usiku kucha na mfereji umejaa.

Sikupata barua yako. Nilikupata wewe mwenyewe Jumamosi, umesimama mlangoni na koti la baba mwilini kabla sijawasha moto, na mpaka sasa sijui kama nilikusalimia au nilikupiga. Ukalima mpaka jana jioni, ukapanda gari la Voi.

Trekta lilifika asubuhi. Dereva alisimama mpakani akaona udongo umefunguliwa na mbegu zimeshafukiwa, akazima injini, akamwita baba mdogo. Baba mdogo aliangalia kwa muda mrefu. Halafu akaviinamia vile vijiti vyake, akaving'oa kimoja kimoja mpaka kwa migomba. Akaniambia, "Amelima vibaya sana." Nikamwambia najua. Akasema basi mwambie akija tena apite kwangu nimwonyeshe. Naona ndiyo heshima aliyonayo, ichukue.

Ni kweli umelima vibaya. Nusu ya kishonanguo umekata juu ukaacha mizizi, na kwa mvua hii itatangulia kuota, tabia yake unaijua wewe kuliko mimi. Punje umepanda tatutatu mahali palipotaka mbili. Na mistari, Titus! Hukuvuta kamba. Ule wa katikati umepinda mpaka ukakaribia kuingia kwa vitunguu vyangu. Baba angeuona angekaa kwenye mfereji acheke mpaka jioni.

Jembe sasa naweza kuingiza kwako, kwa hivyo leo nilianza kurekebisha. Nilifika kwa ule mstari wa katikati nikauacha ulivyo.

Uje Jumamosi tupalilie. Na ukija ulete lile kopo la mbegu ulizotoa kwenye koti, tuzichome kwa moto. Usizimwage huko Voi, watu wa huko hawajakukosea kitu.

Dada yako,
Tryphena