Jina la Msichana wa Stroud

Jumatatu, 3 Aprili 1911

Leo nimejitupa mtoni! Mto Hudson, mwezi wa nne, maji yanakata kama wembe. Bwana Stroud, mwenye kampuni yetu ya picha za sinema, alitaka kutupa mwanasesere wa majani makavu aliyevishwa gauni langu. Nikamwambia, Bwana, mwanasesere hajui kuogelea, mimi najua. Nikapanda jabali, nikaruka. Mara moja tu, hakuna kurudia. Nilipotoka meno yanagongana, na wanaume wazima wananipigia makofi. Nimejivuna na sioni haya.

Lionel Cathcart, mpenzi wangu wa kwenye picha, alikuwa amesimama pale kando, mkavu, na koti lake la sufu. Akasema: Delia, dada yangu, ungekufa wangetangaza kuwa Msichana wa Stroud amekufa, basi. Wote wakacheka. Nami nikacheka, lakini neno hilo limenichoma.

Maana ndivyo ilivyo. Kampuni za picha hazitaji mchezaji yeyote. Kwenye kitambaa cha sinema linatokea jina la picha na jina la Stroud. Watu wananiona barabarani wanapiga kelele, Msichana wa Stroud! Msichana wa Stroud! Delia Garrahan hawamjui hata kwa dawa.

Jumamosi, 8 Aprili

Sinema, mtaani kwetu Brooklyn, na Mama na Emmet. Kaka yangu hasikii tangu homa ile ya utotoni. Sasa anapanga herufi kwenye mtambo wa gazeti, na mdomo wa mtu anausoma kama gazeti lenyewe.

Ilikuwa picha yetu ya majira ya baridi. Mimi nakufa kitandani, Lionel kapiga magoti. Wanawake wanalia ukumbi mzima — na Emmet anacheka! Anacheka mpaka anashika mbavu. Mama akamfinya. Tulipotoka nikamuuliza kwa mikono, una wazimu? Akanijibu: shemeji Lionel alikuwa anakwambia unanuka vitunguu, na kwamba huyu mzee Stroud amalize upesi, maana yeye njaa inamuua.

Mungu wangu! Ndivyo alivyosema, neno kwa neno. Sote tunaropoka tu mbele ya kamera, tukidhani picha haina sauti kwa hiyo haina maneno.

Emmet anasema klabuni kwao, klabu ya viziwi, wanakwenda sinema kufuata matusi. Lakini wewe, akaniambia, wewe husemi upuuzi. Ukiaga unaaga kweli. Ndiyo maana tunakupenda.

Nimelia. Kusifiwa na magazeti ni kitu kimoja, kusifiwa na Emmet ni kingine kabisa.

Jumanne, 11 Aprili

Nimeingia ofisini kwa Bwana Stroud. Nimeomba jina langu liwekwe kwenye matangazo. Si kubwa! Chini, kwenye kona, popote.

Kacheka. Binti yangu, la nini? Leo nikutaje, kesho unajiona malkia. Kisha akaniita nje ya mlango nimuone mtu. Msichana kakaa kwenye benchi, nywele kama zangu, kidevu kama changu. Anaitwa Opal. Ukichoka, akasema Stroud, huyu ndiye Msichana wa Stroud.

Ukichoka! Nani kasema amechoka? Farasi, nyumba ile iliyowaka moto, mto — vyote nilivyofanya mimi vitakuwa vya Opal, na hakuna atakayejua kwamba kulikuwa na mimi. Nimetetemeka kwa hasira kuliko nilivyotetemeka kwa baridi ya mto.

Opal mwenyewe si mbaya. Kaniuliza kwa aibu unaangukaje kutoka kwa farasi bila kuvunjika. Nimemwonyesha. Kosa si lake.

Alhamisi, 13 Aprili

Tumemaliza picha ya mto. Tukio la mwisho: mume anaondoka, mimi niko dirishani, kamera imenisogelea hadi nahesabika kope. Stroud anafoka, lia! Sema chochote, lakini lia!

Basi nikasema. Polepole, midomo wazi, machozi yanatiririka, macho kwenye kioo cha kamera: Mimi ni Delia Garrahan. Mtoni nimeruka mwenyewe. Msikubali kuletewa mwingine.

Stroud kajifuta macho kwa leso. Vizuri mno, binti! Ulikuwa unasema nini?

Nilikuwa naaga tu, Bwana.

Ijumaa, 5 Mei

Wee!

Picha imefunguliwa leo mchana kwenye ukumbi wa Mtaa wa Kumi na Nne. Stroud mbele na watu wa magazeti, Opal ubavuni mwake na kofia mpya. Mimi na Mama tukawekwa nyuma kabisa. Klabu ya Emmet ilijaza safu za katikati.

Kwenye mto ukumbi ulipiga ukunga. Kisha dirisha. Safu za katikati zikasimama zote kwa pamoja, leso nyeupe hewani zinapepea — ndivyo wanavyopiga makofi. Wenye masikio wakaduwaa. Kuna nini? Bwana mmoja akamuuliza mkewe kiziwi kwa mikono, mke akamjibu, na yule bwana akapaza sauti: Anasema yeye ni Delia Garrahan! Mtoni karuka mwenyewe!

Jina likatembea safu hadi safu. Mama kanishika mkono, wanakutaja, mwanangu, au naota? Wanakutaja! Stroud kageuka, uso mwekundu. Opal naye kageuka, lakini yeye alikuwa anatabasamu.

Jumamosi, 6 Mei

Niko Fort Lee kazini kwetu, kwenye benchi nje ya ofisi ya Stroud. Opal kakaa karibu yangu. Emmet yumo ndani, kaitwa na Stroud, maana watu wa magazeti wanataka msoma midomo awaambie nilisema nini.

Ametoka mara moja kuniambia kwa mikono: anataka niwaambie wa magazeti kwamba uliaga tu, mengine ni uzushi wa viziwi. Nikikubali, unabaki kazini. Nikikataa, Opal anaanza Jumatatu. Nisemeje?

Kazi hii naipenda kuliko kula. Nikamjibu: sema ulichokiona.

Kaingia. Nimemweleza Opal yote. Kasema hata yeye ana jina lake, alilorithi kwa bibi yake.

Basi Emmet kakataa: Stroud anafoka mle ndani. Meza imepigwa. Anaita: Msichana wa Stroud! Njoo hapa!

Sijainuka. Opal kanitazama, naye hakuinuka.

Ameita tena, mara hii madirisha yametikisika. Tumekaa.

Mlango umefunguka. Anatutazama sote wawili. Kafungua mdomo, kaufunga, anatafuta ataje jina la nani, kaufungua tena —