Fishi Inasema Mume Wangu Amepona

Mpendwa mshauri,

Naomba msaada, na uniwie radhi kwa mwandiko, maana naandika huku maharage yako motoni na sijui machozi haya ni ya moshi au ni yangu mwenyewe.

Mimi ni mke wa Phocas, mpakiaji wa mizigo kwenye mashua za kampuni hapa Gisenyi, na mwaka jana gogo lilimwangukia gatini likamvunja mguu wa kushoto chini ya goti, akalazwa, akafungwa plasta, mfupa ukaunga, kwa hilo namshukuru Mungu, lakini mshauri, uliunga vibaya, mguu ule sasa ni mfupi kuliko mwenzake, kifundo kimekaza hakikunjiki, na asubuhi baridi ikitoka ziwani anauma blanketi ili majirani wasimsikie.

Siku ya kuruhusiwa kutoka hospitali alinikataza kuingia naye, akaazima viatu, akajaza vitambaa ndani ya kile cha kushoto ili miguu ilingane, akaenda mbele ya daktari amenyooka kama mtu anayekwenda kupokea komunyo. Daktari akamwuliza, "Alors, Phocas, ça va?" Naye akajibu, "Ça va, docteur, hakuna shida," kwa sababu kwetu mtu akikuuliza hali unajibu nzuri hata kama huna hali, na mwanaume hamwagi maumivu yake mbele ya mgeni. Daktari alikuwa na foleni ndefu mlangoni, akamwamini, na kwenye fishi, ile kadi yake ya hospitali, ikaandikwa namba ya ugonjwa, ile ya mguu uliovunjika, na maneno ya kufunga: amepona, hakuna kilichobaki.

Basi fishi hiyo ndiyo imekuwa fimbo ya kutuchapia, maana kapita Ndayisaba, msimamizi wa wapakiaji, alikuja mlangoni akasema, "Fishi iko inasema umepona. Mutu muzima anakaa nyumbani juu ya nini? Mwezi ukianza upande ku mashua, ao mutoke mu kambi." Nikadhani Phocas atamwonyesha mguu, lakini hakuuonyesha, na kapita alipoondoka mume wangu akaniambia maneno ambayo hayanitoki: "Docteur alisoma miaka mingi, Languida. Kama anasema imepona, imepona. Donc ni mi njo mubaya, niko na uvivu tu." Mshauri, mtu anaukanusha mguu wake mwenyewe kwa sababu ya karatasi! Mama yake mzazi yuko Bugeshi, kule juu kwenye baridi, na Phocas hajaweza kupanda njia ile kwenda kumwona tangu avunjike, kila mara anatuma salamu kwamba kazi ni nyingi, na yule mama anajisifu kwa majirani kwamba mwanawe ni mchapakazi. Na mimi mwenyewe, Mungu anisamehe, juzi nilimkuta amelala mchana nikajiuliza kama kweli anaumwa.

Sasa jirani yetu Faradji, karani wa hospitali, ametuonea huruma, akaniita pembeni: "Mama, mi nitaandika tena namba ya mufupa ya kuvunjika, sawa vile alivunjika jana. Watamupa miezi ya kupumuzika. Nani atajua?" Phocas hana habari. Nikikubali nimeingia kwenye uongo, na nikikataa mume wangu atapanda ubao uliolowa na gunia la kahawa mgongoni, na mguu ule utamtupa ziwani. Nifanye nini? Au labda kweli amepona, na mimi ndiye sielewi?

Languida, kambi ya wapakiaji, Gisenyi

JIBU

Languida mwanangu,

Unaelewa vizuri sana. Mfupa wa mumeo umeunga, lakini mumeo hajapona, na fishi yenu imeyachanganya mambo hayo mawili. Barua yako imeniliza. Sasa futa machozi unisikilize, kwa sababu nina ugomvi na ninyi wote wawili.

Mwambie Faradji hapana. Ana moyo mzuri na akili fupi. Daktari akiushika mguu huo atakuta mfupa uliokauka zamani, Faradji atafukuzwa kazi, na Phocas ataitwa mwongo, safari hii kwa haki. Tena mguu uliovunjika jana hufungwa plasta. Mnataka afungwe tena kwa ugonjwa gani? Na wewe, mambo gani hayo ya kupanga na jirani juu ya mwili wa mumeo bila yeye kujua? Acha kabisa.

Hakuna haja ya uongo, maana ukweli nao una namba yake. Nimemwuliza msaidizi wa daktari ninayemwamini, akanieleza hivi: madhara yanayobaki baada ya mfupa kuunga huandikwa kwa namba mbili. Ya kwanza ni ya kile kinachomtesa sasa, yaani mguu mfupi na kifundo kilichokaza. Ya pili inasema kwamba hayo ni mabaki ya mguu uliovunjika zamani, na hata ikipita miaka mingi bado inaruhusiwa kuandikwa. Lakini karani huandika alichokiona daktari, na daktari wenu alionyeshwa viatu.

Kwa hiyo Phocas arudi, tena aende peku, suruali imekunjwa hadi magotini. Nendeni asubuhi, mguu ukiwa bado umekaza. Ingia naye, na akikukataza ingia vilevile. Aombe apimwe miguu yote miwili kwa utepe, atembee mbele ya daktari bila kujinyoosha, na akiulizwa hali ajibu, "Inaniuma." Huo si utovu wa adabu, Phocas, kama unasomewa barua hii. Yule daktari hakuwa anakusalimu, alikuwa kazini. Kisha mwombeni daktari aandike pia kazi asizoziweza, kupanda ubao na kubeba magunia, mumpelekee kapita na kumwomba kazi ya kukaa, kushona magunia au kulinda ghala. Siwezi kukuahidi kwamba kapita atakubali. Akikataa, pandeni kwa bwana wake mkiwa na karatasi hiyo hiyo. Na mama wa Bugeshi aambiwe ukweli, asiendelee kujisifu kwa kitu ambacho hakipo.

Sasa nikwambie lililo gumu. Namba hizo hata zikiandikwa vizuri namna gani, mguu hautarefuka. Mume wako hatakuwa mpakiaji tena. Nadhani yeye alijua kabla yako, ndiyo maana anashikilia kwamba amepona: anaona afadhali kuitwa mvivu kuliko kuitwa kilema. Watu wote wamemwuliza atarudi lini kazini, na hakuna hata mmoja aliyempa pole kwa mguu alioupoteza. Mpe wewe, leo, kabla ya hospitali na kabla ya kapita. Keti karibu naye, mwambie, "Pole, Phocas, najua unaumia," kisha nyamaza, umwache alie mpaka amalize.

Mimi niliye upande wenu,
Mama Mukashyaka